Siku ya Mawe Haihesabiwi

Shuleni, Boito
Jumapili, 11 Mei 2025

Kwa Waya Wilkista, shangazi yangu mpendwa,

Salamu nyingi kuliko machipukizi ya shamba letu la chini baada ya mvua. Mimi ni mzima. Chakula ni kilekile, githeri ya mahindi mengi na maharagwe ya kutafuta. Chepkirui, rafiki yangu wa kitanda cha juu, anakusalimu na anasema mandazi uliyonifungia yalikuwa na iliki hata sanduku langu bado linanukia. Baba na mama wamesema nini kutoka Mombasa? Na paka wetu Mizani, bado analala ndani ya kikapu chako cha kuchumia?

Dhumuni la barua hii ni kukuomba msaada wa kazi. Unakumbuka nchi yangu ya Sirwa, ile niliyokuwa nakusimulia ukisonga ugali, nchi ya vilima vinavyotembea? Sasa naiandika iwe kitabu. Nimefika sura ya tatu na nimekwama, kwa sababu watu wangu hawana kalenda. Kuna msichana anaitwa Adera, ameambiwa arudi kwao kwa wakati fulani, na sijui niandike wakati gani. Jua haliwezi kuwasaidia. Vilima vinatembea, kwa hivyo leo jua linachomoza nyuma ya kisima na kesho nyuma ya jiko. Mwezi nao hauonekani kwa ukungu.

Nimeamua watahesabu kwa kichaka. Ni kama chai, ila majani yake ni ya bluu. Raundi moja ni tangu kichaka kichumwe hadi kitoe tena majani mawili na chipukizi. Mwaka wao unaitwa Mkato, tangu kichaka kikatwe chote hadi kikatwe tena, kama miaka yetu mitatu au minne. Mwaka unaanza siku ile ile ya kukatwa. Kwa hesabu ya Sirwa mimi nina mikato mitano tu.

Sasa maswali. Raundi huko kwetu siku hizi inachukua siku ngapi? Na la pili: mama yake Chepkirui anasema mashine za kuchuma zimeingia hadi divisheni yetu, na wachumaji wanaachishwa kazi. Ni kweli? Kama ni kweli, wewe unachuma wapi? Na nyumba ya kampuni si huenda na kazi? Nijibu hilo la mwisho kwanza.

Mtoto wako,
Quinter

*

Kericho
Jumanne, 27 Mei 2025

Quinter, nyar owadwa, binti wa kaka yangu asiyejua kuandika barua,

Salamu zako nimezipokea, nimezipima, zimepungua kilo mbili. Hilo "dhumuni" mrudishie mwalimu wako wa Kiswahili. Mimi niandikie kama mtu.

Sisi tu wazima. Baba yako bado yuko kazi ya mjengo Mombasa, mama yako huko huko anakohoa kidogo lakini anauza viazi, wadogo zako wamekuwa warefu kuliko mlango. Paka ananenepa hata haoni aibu. Usimsumbue matron akupigie kwangu, simu yangu ilizama kwenye ndoo ya nguo na sijapata nyingine. Andika kwa sanduku la posta lile lile la Kebaso wa dukani. Anajua kunifikishia, tangu lini Mkisii akashindwa na mzigo?

Sasa hiyo kalenda yako. Raundi ni siku saba mvua ikiwa nzuri, hata kumi na nne kukiwa na baridi. Usiandike namba moja, utadanganya watu. Kichaka hakina saa mkononi. Waache wazee wa Sirwa wabishane kila mara kama raundi imefika au haijafika, ndivyo wazee walivyo.

Pili, siku za juma utazifanyaje? Angalia usiwachanganye watu. Sisi Wajaluo tunahesabu kwa kazi: Jumatatu ni kutoka kwenda kazini, Jumanne ni kazi ya pili, na Ijumaa ni kazi ya tano. Mswahili naye ya tano yake ni Jumatano. Nilipofika huku nikiwa msichana nilialikwa harusi ya siku ya tano. Nilienda Ijumaa na nguo yangu ya maua, nikakuta wanaosha sufuria. Sirwa isiwe hivyo.

Tatu, na hili nashangaa umelisahau wewe uliyelelewa kwenye chai. Mvua ya mawe iko wapi? Kalenda gani ya chai isiyo na mawe? Mawe yakianguka hakuna kuchuma, majani yamechanika, nyapara mwenyewe amejifunika gunia. Unakumbuka siku hizo? Tulikuwa tunatoka nje na sufuria, wewe unaokota mawe unakula mpaka meno yanakufa ganzi, halafu napika mandazi saa za kazi kama mke wa meneja. Hakuna aliyegombana siku hiyo. Sasa wawekee watu wako Siku ya Mawe, na isihesabiwe. Isiwe ya raundi iliyopita wala inayokuja. Mtu asizeeke siku hiyo, asidaiwe, asiulizwe alikuwa wapi.

Alhamisi iliyopita yameanguka, saa tisa alasiri, makubwa kama yale maharagwe manene ya nyayo. Nilikukumbuka ndiyo maana nimeandika.

Soma. Hisabati pia.

Waya wako,
Wilkista

*

Shuleni, Boito
Jumapili, 8 Juni 2025

Kwa Waya,

Habari ya huko? Huku ni baridi mpaka maji ya kuoga tunayaogopa. Nimepata alama hamsini na nne za hisabati. Usiseme kitu, zilikuwa arobaini na moja.

Waya, Siku ya Mawe ni nzuri kuliko kitabu chote. Nimeiweka. Nimefuta namba za siku pia, kwa sababu ya harusi yako. Chepkirui alicheka hadi akateremka kitandani. Sasa siku za Sirwa zinaitwa kwa kinachofanyika: Kutoka, Kuinama, Kujaza, Mizani, Kupumua. Baada ya Kupumua unarudi Kutoka. Nimewapa miezi saba, na mmoja unaitwa Kumbikumbi, mwingine Moshi Chini, kwa sababu kukiwa na baridi moshi wa jikoni haupandi. Siku ya Mawe haimo kwenye mwezi wowote. Nimeichora pembeni, peke yake, na nimeandika sheria zake kwa wino mwekundu nikabandika ndani ya mlango wa loka yangu, kabati langu la bweni, ili nisizisahau: "Siku ya Mawe hakuna kazi. Hakuna wakubwa. Hakuna anayehesabiwa. Mawe yakianza, wote watoke nje na sufuria."

Na unajua hata hapa yalianguka Alhamisi hiyo hiyo? Saa tisa hiyo hiyo, tukiwa kemia! Nilifikiri ni yetu peke yetu. Nimefurahi kwamba tulikuwa ndani ya siku moja isiyohesabiwa, wewe huko na mimi huku.

Sasa Waya, kwa heshima. Nilikuuliza swali moja umenijibu kumi ambayo sikuuliza. Mashine zimefika au hazijafika? Tunafunga kwa mapumziko ya katikati ya muhula tarehe 26. Nitakuja nijionee. Niwekee mandazi.

Quinter

*

Kericho
Jumanne, 17 Juni 2025

Quinter,

Usije mapumziko haya. Nyumba inapakwa rangi na harufu ya rangi itakuua kifua. Nenda na Chepkirui kwao Chepseon. Nimeongea na mama yake kwa simu ya jirani, amekubali. Saidia kazi, usikae kama mgeni wa harusi.

Nimekutumia sabuni, sukari na soksi mbili. Mandazi yamo chini, yamefungwa na gazeti.

Hamsini na nne si mbaya. Na mimi kwa hesabu ya mikato yako nimejipiga nikapata kumi na mbili. Kumbe bado ni msichana.

Waya

*

Shuleni, Boito
Jumapili, 6 Julai 2025

Kwa Waya Wilkista,

Asante kwa soksi. Asante kwa mandazi, ingawa yalikuwa bado na joto kidogo katikati nilipoyafungua na sijui mandazi gani hutoka Kericho hadi Boito yakabaki na joto.

Chepseon walinipokea vizuri. Nilikama ng'ombe, yaani nilijaribu. Jioni moja mama yake Chepkirui aliniuliza habari zako, "Na huyo senje wako siku hizi anakaa wapi?" Nikamwambia, "Si kwetu, nyumba ya kampuni." Akasema, "Aa," halafu akaenda kuangalia maziwa ambayo hayakuwa jikoni.

Mama huyo huenda sokoni Kericho kila Alhamisi. Nilimsimulia kuhusu mawe ya ile Alhamisi ya Mei. Akasema, "Kericho? Hapana. Siku hiyo ilikuwa jua, nilirudi nimeungua shingo. Kericho haijapata mawe tangu Pasaka."

Waya, mimi ndiye mtu wa kalenda. Mawe si kama mvua ya kawaida. Yanapiga shamba moja yanaruka lingine. Hapa yalipiga saa tisa, na wewe umeandika saa tisa. Na ile nyumba haijawahi kupakwa rangi tangu nije kwako nikiwa nasari, mlango una alama zangu za urefu kwa makaa mpaka leo. Au ulikuwa nazo.

Sikuulizi tena. Umenilea, siwezi kukukalia kama polisi. Lakini nakuambia ukweli: nina hasira, na nyuma ya hasira nina woga. Usiku nikifunga macho nijaribu kuiona nyumba yetu, siioni tena ikiwa na watu ndani.

Adera bado yuko njiani sura ya sita. Ameambiwa arudi kwao mwishoni mwa Moshi Chini, lakini kilima chao kimeondoka na hakuna aliyemwambia kimeelekea wapi. Nilikuwa nimeliandika hilo kabla ya Chepseon. Sikujua naandika nini.

Mtoto wako,
Quinter

*

Shuleni, Boito
Jumanne, 15 Julai 2025

Waya,

Naandika haraka, nikiwa ofisi ya matron. Nimepatwa na jambo.

Jana walikagua loka zote. Wiki iliyopita kuna shule ya jirani waligoma wakavunja madirisha ya bwalo, kwa hivyo walimu wetu wote wanalala jicho moja wazi. Naibu wa mwalimu mkuu, Madam Nyabate, alifungua mlango wa loka yangu akakuta kalenda. Akasoma sheria za Siku ya Mawe kwa sauti mbele ya bweni zima. "Hakuna kazi. Hakuna wakubwa. Hakuna anayehesabiwa. Wote watoke nje." Akaniuliza, "Mawe ya kurushia nani?"

Nilimwambia ni mvua, Madam, ni mvua ya mawe. Akasema, "Imeandikwa mvua wapi hapa?" Waya, haijaandikwa. Nilitafuta neno "mvua" kwenye karatasi yangu yote halimo. Nikamwonyesha kwamba imeandikwa "na sufuria." Akasema hata kule jirani walitoka wakigonga sufuria.

Majina ya siku akasema ni mafumbo ya kupanga. "Kutoka, Kuinama, Kujaza. Kujaza nini? Petroli?" Wasichana wengine walicheka na hilo likaharibu zaidi. Kitabu changu chote cha Sirwa amekichukua.

Sasa natakiwa nilete mzazi au mlezi kabla ya Ijumaa ya wiki ijayo, la sivyo kamati ya nidhamu inakaa bila yeye na nitafukuzwa. Wamepiga simu yako haipatikani. Baba na mama wako Mombasa, ni mbali, na baba hawezi kuacha kazi. Madam akasema basi niende mwenyewe nyumbani nikamlete mlezi. Nikamwambia, "Madam, sijui nyumbani ni wapi." Akafikiri ni kiburi. Ameniongezea adhabu ya kufyeka nyasi.

Haikuwa kiburi. Waya, njoo. Ulipo, popote pale, njoo.

Q.

*

Siku ya Mawe
(haina tarehe, tuliamua wenyewe)

Quinter, mtoto wangu,

Niko getini. Mlinzi amesema walimu wako mkutanoni na nisubiri hapa, akanipa stuli na hii karatasi, upande wa pili ni orodha ya magari, usijali. Nimelowa kama kuku. Ameahidi kukufikishia kabla sijaitwa ofisini, kwa sababu kuna jambo nataka ulisome kutoka kwangu kabla hujalisikia mbele ya watu.

Barua yako nimeipata leo saa tano, nikiwa katikati ya shamba. Nimevua kikapu hapo hapo. Mzee mwenye shamba akaniuliza naenda wapi na raundi haijaisha, na kabla sijamjibu mawe yakaanza. Ningekuja hata yasingeanguka, hilo ulijue. Lakini yameanguka, naye akasema, "Nenda, leo hakuna hesabu." Mkalenjin mzima, hajawahi kusikia habari ya Sirwa.

Sasa lile swali lako. Mashine zilifika. Ulipotoka kwenda shule mwisho wa Aprili zilikuwa zimeshashushwa kwenye stoo, na mimi nilijua, nikakufungia mandazi nikanyamaza. Wiki mbili baadaye tulisomewa majina. Nyumba tukaambiwa tuiache kabla ya mwezi kwisha. Barua yako ya kwanza ilinikuta nimeshahama.

Sikuenda mbali nawe. Nilikuja karibu. Nachuma kwa mzee Chepyegon, mkulima wa hapa Boito, ng'ambo ya mto kutoka kwenu, na nakaa chumba chake cha nje. Kengele yenu ya asubuhi ndiyo inayoniamsha. Sare zenu naziona zikianikwa, ingawa sijui yako ni ipi. Barua zako zilikuwa zinaenda Kericho kwa Kebaso, naye anazirudisha huku na pikapu yake ya vitunguu, kisha zangu zinapanda pikapu hiyo hiyo kwenda kupigwa muhuri wa Kericho. Ile moja tu yenye mandazi nilimpa mtoto wa jirani aiache getini. Nilifikiri yatapoa.

Kwa nini nilificha? Niliona aibu, basi. Miaka yote nimekuwa nikikuambia soma, mimi nina kazi yangu na nyumba yangu, hakuna wa kutuondoa. Halafu mwanamke wa mikato kumi na mbili anabeba godoro kichwani mbele ya majirani. Nikasema nitakuambia nikishapata mahali pazuri zaidi. Mficha maradhi kifo humuumbua, ndivyo wanavyosema. Mimi nimeumbuliwa na mvua.

Na niliogopa ukijua niko ng'ambo ya mto utakuwa unachungulia dirishani badala ya ubao. Hilo nalo ni kweli, lakini ni dogo kuliko aibu.

Nisamehe. Uliogopa usiku kwa sababu yangu nami nilikuwa nasikia kengele yenu.

Madam Nyabate nitamweleza. Nitafungua hiki kitambaa nimwonyeshe mawe niliyokuja nayo ndani yake, yapo yasiyoyeyuka bado. Nitamwambia hiyo sheria ni yangu, nilikupa mimi, na kosa lako ni moja tu, neno "mvua" uliliacha kwa sababu kwetu sisi watu wa chai halihitajiki. Kama kuna wa kufyeka nyasi, nina mikono. Na kile kitabu sitoki humu bila hicho.

Akikuuliza tena nyumbani ni wapi, mpeleke nyuma ya jiko la shule. Aangalie ng'ambo. Kuna paa la bati kuukuu lenye kipande kimoja kipya kinachong'aa. Ni pale. Chumba ni kidogo. Kitanda chako kimeingia, changu kilikataa mlangoni, kwa hivyo wakati wa likizo tutabanana kama zamani. Mlango wenye alama zako za urefu sikuweza kuubeba, lakini alama nilizipima kwa kamba, na kamba ninayo. Paka alikataa kuhama, yuko dukani kwa Kebaso anakula omena, dagaa wa biashara.

Ulisema mwaka wa Sirwa unaanza siku kichaka kinapokatwa. Niliposoma niliona umekosea, nani anaanza mwaka na kichaka kilichobaki vijiti? Sasa nimekubali. Basi mimi niko kwenye raundi za kwanza.

Mlinzi anasema naitwa. Futa uso uje ofisini. Mwambie naibu wako Siku ya Mawe imefika kweli, kama ulivyoandika, na kwamba aliyetoka nje ni mmoja tu, na hata sufuria hana.

Waya wako,
Wilkista